Dawati la Nyuma

Shemeji yangu, mume wa dada yangu mkubwa, alikuwa mkufunzi wa chuo cha ualimu, na kwa mwaka mzima alikuwa mkufunzi asiye na wanachuo. Bodi ya vyuo ilikataa kukitambua chuo chao. Mwenye chuo akaenda mahakamani. Jaji akaamuru kwamba mpaka hukumu itoke kila kitu kibaki kama kilivyo: wanachuo wapya wasipokewe, mali isitolewe. Wakufunzi wenzake walisubiri mshahara, walipoona unakuja kama mvua ya kiangazi wakatawanyika. Akabaki yeye.

Mimi nanunua samani za majengo yanayofungwa. Benki, hoteli, shule; palipo na msiba wa wenye mali ndipo soko langu lilipo. Basi nilipokwenda kumjulia hali, futi kamba ilikuwa mfukoni.

Nilimkuta darasani asubuhi, ameketi dawati la mwisho nyuma kabisa, kando ya dirisha lenye ufa. Ubao ameufuta safi. Mbele yake madawati yamepangwa sawasawa, matupu. Nikamuuliza anamsahihisha nani. Akanieleza kwamba kwao mwanachuo mmoja husimama mbele kufundisha, wenzake hujifanya watoto, wengine watundu kwa makusudi, na mkufunzi hukaa nyuma na penseli yake, haingilii neno. Miaka yote amekaa hapo. Hata nyumbani, mgeni akija, alikuwa akivuta kiti hadi pembeni awatazame wengine wakizungumza.

Kila jioni alizunguka akifunga madirisha ya mabweni, asubuhi akayafungua, vitanda visivyo na watu visije vikanuka uvundo. Chai alipika ya kikombe kimoja, ila katika sufuria ile ile ya wakufunzi wote. Maji yalilowesha kitako cha sufuria tu.

Dada alikwishahamia kwa mama pamoja na watoto wake. Alinituma nimwambie mumewe kuwa ndoa haina dawati la nyuma. Nikafikisha. Akacheka kidogo, akasema nimwambie avumilie, hukumu i karibu.

Nikaligonga dawati kwa kidole. Mbao ngumu, za zamani. Nikamwambia kwamba mwenye chuo yuko tayari kuuza kimyakimya, kikwazo ni yeye shemeji tu.

"Likitoka moja, shemeji, tumevunja amri ya jaji na kesi imekwisha."

"Na mkishinda, vyeti vya waliosoma hapa zamani vitakuwaje?"

"Tukishinda, tumeshinda sote."

Sokoni neno "sote" halina bei. Lakini mtu aliyebaki peke yake habishiwi. Nikafunga futi kamba yangu.

Walishinda. Mahakamani tuliketi safu ya nyuma, yeye ndiye aliyeichagua. Jaji alisema chuo kinatambuliwa kuanzia siku ile, kwa masharti ya bodi. Nje, wakili akatusomea masharti huku anatabasamu. Madawati yawe mapya, ya mtu mmoja mmoja. Kila mkufunzi awe na cheti cha chuo kilichokuwa kinatambuliwa siku alipohitimu. Na shemeji ualimu aliusomea pale pale, katika darasa lile lile. Aliinamisha kichwa kabla wakili hajamaliza. Mwenye chuo akamshika mkono, akamshukuru sana, akampa pole, kisha akanigeukia mimi tuzungumze habari ya madawati.

Siku ya kupakia, shemeji alishika upande mmoja, kibarua wangu upande wa pili. Dawati lake lilitoka mwisho. Nikamwambia apande mbele na mimi, nampeleka kwa mkewe.

"Mbele nitawabana. Nitakaa huku na mzigo."

"Shemeji, wewe si mzigo."

"Washa gari. Dada yako anasubiri."

Njia nzima nilikuwa nikimwona kwa kidirisha cha nyuma, katikati ya madawati yaliyorundikwa miguu juu: ameketi kwenye lile la mwisho, mgongo umenyooka, mikono juu ya ubao wa dawati.

Dada alimpokea begi mlangoni. Shemeji akawaamkia wenyeji, akavuta kiti hadi pembeni, akakaa.

Madawati niliyauza yote wiki ile. Hakuniomba nimwachie hata moja, nami sikumpa.