Jina la Eladi Kwenye Skrini

Kaka yangu Eladi Montagud alitunga muziki wa filamu arobaini na mbili, na katika arobaini na moja jina lake halimo. Mtayarishaji mmoja wa Madrid alimwambia kwamba hakuna atakayenunua filamu ya wachunga ng'ombe wa Marekani yenye jina la mtoto wa mwoka mikate wa Valencia, akambandika "William Forester". Eladi alikubali. Alikuwa na mke na watoto wawili, na alikuwa mpole kupita kiasi. Mimi ningemtupia mtayarishaji yule kinanda.

Muziki alijifunzia kwenye Bendi ya Zamani ya mji wetu, kwa klarineti ya babu. Mji una bendi mbili, ya Zamani na Mpya, na mtu huzaliwa ndani ya moja kama anavyozaliwa ndani ya ukoo. Sisi hatunyolewi na kinyozi wa Mpya. Kijana wetu akimpenda binti yao, mama yake huugua wiki nzima.

Madrid walimpa siku kumi kutunga muziki wa filamu nzima. Walitaka mbio za farasi na huzuni, akawaletea mbio za farasi na huzuni. Huku nyumbani mama alimtangaza kila mahali, na Fineta wa Bendi Mpya akamvizia sokoni.

"Remei, ile filamu ya juzi nayo katunga mwanao?"

"Katunga."

"Mwenye macho haambiwi tazama, shoga. Tumetazama, hayumo! Au siku hizi anaitwa William? Mpeleke kwa padri akabatizwe upya!"

Hata muuza samaki alicheka. Mama alirudi mikono mitupu, akaniambia, "Empar, nikiliona jina lile mara moja tu, nitanyamaza."

Alingoja miaka kumi na mmoja. Ndipo Eladi akaandika kutoka Roma, alikokuwa akirekodi kwa mtayarishaji mwingine: filamu inayokuja ina jina langu, mpelekeni mama.

Mama alivaa gauni la Pasaka. Bendi ya Zamani ilijaza viti vya mbele. Lakini sinema ilikuwa moja tu, na mwendesha projekta alikuwa Batiste, mpiga tromboni wa Bendi Mpya. Majina yakaanza kupita: waigizaji, mpiga picha. Mara kivuli cha vidole vitano kikafunika skrini yote. Mpumbavu yule alikuwa ameweka mkono mbele ya lenzi! Viti vya nyuma, walikokaa Bendi Mpya, vikaangua kicheko. Mkono ulipotoka, jina lilikwisha kupita, na mama alikwisha kusimama na kutoka.

Nilipanda ngazi mbilimbili hadi chumba cha projekta.

"Rudisha filamu!"

"Dada Empar, mzaha tu. Mzaha wa bendi."

"Mzaha mzaha hutumbua usaha! Rudisha, au nikung'oe masikio!"

Alirudisha. Jina likatokea, kubwa, jeupe. Nilikimbia nyumbani. Mama alikuwa amevua gauni, anamenya maharage.

"Lipo, mama! Nimeliona!"

"Umeliona wewe."

"Twende, nitamlazimisha arudishe tena."

"Nikachekwe mara ya pili? Sitoki."

Nilimsihi, nikamfokea, nikalia. Hakutoka. Kesho yake filamu ilipelekwa mji mwingine, na Novemba tulimzika mama.

Eladi alikuja mazikoni. Kabla hata hajavua koti akaniuliza, "Aliliona?"

Ningefanyaje? "Aliliona," nikasema. "Alilia kwa furaha."

Akanikumbatia mpaka mbavu zikauma. "Basi imetosha, Empar. Sikuwa na mtu mwingine wa kumwonyesha."

Akarudi Madrid. Mtayarishaji alipomtaka awe William Forester tena, hakubisha. Alitunga muziki wa filamu kumi na mbili zaidi kwa jina hilo, mpaka akafa. Batiste namchukia hadi leo. Lakini yeye alilifunika jina mara moja tu; uongo wangu, mara kumi na mbili.