Fedha za Mabati

Mama Mkubwa hakupoteza hata senti moja mikononi mwangu. Hilo ni kweli tupu, na kwa miaka mingi nimelitumia kama mwavuli uliotoboka. Kila nikikumbuka naufungua, na bado naloa.

Alikuwa dada mkubwa wa mama yangu. Mama alipofariki nikiwa darasa la pili, hakuna aliyeuliza nitakwenda wapi. Kwetu mtoto ni wa upande wa mama, basi nikahamia kwake Chilangala, huko juu Newala, na yeye akanilea kwa jembe lake na mikorosho yake. Ada yangu ya sekondari ilitoka kwenye mikorosho hiyo. Sabuni yangu, madaftari yangu, hata viatu vya kwanza nilivyovikataa kwa sababu vilikuwa vya kiume, vyote vilitoka humo.

Asiyeifahamu Newala lazima aelezwe habari ya maji. Juu kule ni mchanga. Mvua inanyesha na kuzama, ukitoka nje baada ya muda mfupi huoni hata dimbwi. Maji yenyewe yako chini bondeni, na wanawake huteremka na ndoo tupu wakiwa wanapiga soga, kisha hupanda kimya kimya na ndoo zilizojaa. Nilipanda ule mteremko utoto wangu wote, na niliuchukia. Kwa hiyo kwetu ukitaka kujua nani ana uwezo, usitazame nguo, tazama paa. Mwenye mabati ana mvua. Inateleza juu ya bati, inaingia kwenye mfereji, inashuka kwenye kisima cha saruji kilichochimbwa uani, na mwenye nyumba anakunywa mvua ya masika hadi kiangazi. Paa la nyasi halina faida hiyo. Maji yake yanatoka na rangi ya chai na harufu ya panya.

Paa la Mama Mkubwa lilikuwa la nyasi.

Mimi nilisoma, nikasomea hesabu za biashara, nikapata kazi ya ukarani katika benki moja Masasi. Ulikuwa wakati ule Serikali inaachia kila kitu: maduka, mabenki, korosho. Tawi letu lilikuwa jipya, linanukia rangi. Nilipanga chumba kwenye nyumba yenye bomba uani, na wiki ya kwanza nililifungulia hovyo tu, nitazame maji yakimwagika. Mwenye nyumba akanigombeza. Nikamwambia asamehe, mimi natoka Newala, akaelewa.

Korosho nazo zilikuwa zimepata wenyewe. Zamani chama cha ushirika kilichukua mzigo wako, kikakupa stakabadhi, ukasubiri malipo mpaka ukaanza kuota ndoto mbaya. Sasa walikuja wanunuzi binafsi na malori yao, mizani yao na fedha zao mkononi, kila mmoja akimchungulia mwenzake kapandisha kiasi gani. Msimu mmoja wa namna hiyo Mama Mkubwa alivuna vizuri. Alikuwa amepulizia salfa ya kuzuia ukungu miti yake yote, kwa fedha aliyoikopa kwa dhamana ya uso wake. Alilipa deni, akabaki na fungu la maana, akapanda lori la korosho lililokuwa linashuka Masasi. Fedha zilikuwa zimefungwa kwenye kitenge kiunoni, ndani ya nguo.

"Shikamoo, Mama Mkubwa."

"Marahaba, mwanangu. Kesho unisindikize dukani, wasije wakaniuzia bati jembamba kwa kuniona mshamba. Mabati na saruji. Fundi keshapima mahali pa kisima."

Alikuwa amepanga kila kitu. Alitaka kulala kwangu usiku mmoja tu.

Nami nilikuwa nimejaa maneno ya benki. Pale kazini tulikuwa tumefundishwa kuvutia wateja wa amana, na mkuu wa tawi alikuwa na tabia ya kusoma mbele ya wote, mwisho wa mwezi, nani kaleta wangapi. Mimi nilikuwa sijaleta mtu. Sikumwambia Mama Mkubwa habari hiyo. Nilimwambia kwamba kununua mabati sasa ni haraka, na haraka haraka haina baraka.

"Ukiziweka amana ya muda maalumu, mwaka mmoja tu, zinazaa," nikasema.

"Zinazaa na nani?"

Nilicheka, naye akacheka, lakini alikuwa anauliza kweli. Nikamweleza kama nilivyoelezwa. Unaipa benki fedha zako, mnakubaliana muda, mnakubaliana riba, na riba hiyo haipandi wala haishuki. Ukizitaka kabla ya muda, riba unaikosa. Ukivumilia hadi mwisho, unapata ulichoweka na juu yake kile mlichokubaliana, liwe jua iwe mvua. Hakuna kubahatisha. Mwakani utanunua mabati, utajenga kisima, na utabaki na ya kununulia kitanda.

"Na zikikaa kwangu, juu ya paa?"

"Juu ya paa zinashika kutu, Mama Mkubwa."

Jibu hilo nililipenda sana. Nililirudia kazini kesho yake, wenzangu wakacheka.

Hakuna neno moja la uongo katika yale niliyomwambia. Nimeyapekua mara nyingi nikitafuta uongo, maana uongo ningeweza kuutubu. Nilichoacha kusema, na wakati ule sikukijua vizuri, ni kwamba benki iliahidi idadi ya shilingi. Haikuahidi mabati. Na miaka ile kila kitu kilikuwa kinapanda bei. Sukari ilipanda, mafuta ya taa yalipanda, nauli ya kwenda Newala ilipanda baina ya safari ya kwenda na ya kurudi. Mimi mwenyewe nilinung'unika sokoni kila Jumamosi. Sikuunganisha manung'uniko yangu ya sokoni na maneno yangu ya benki. Kichwani mwangu vilikaa vyumba viwili, na mlango katikati haukuwepo.

Akaweka dole gumba kwenye fomu. Mwisho wa mwezi jina langu likasomwa.

Jirani yake huko Chilangala alikuwa Mwislamu mshika dini, alivuna msimu uleule, karibu sawa na yeye. Mama Mkubwa alimsimulia habari ya fedha zinazozaa. Jirani akasema yeye hali riba, na hakutaka maneno zaidi. Alinunua mabati na saruji. Nilipokwenda Krismasi nikaona paa lake linang'aa, nami nikamsikitikia moyoni kwamba dini inamzuia maendeleo. Niliwaza hivyo hasa, kwa maneno hayohayo.

Masika ikaja. Mvua ikanyesha juu ya bati la jirani ikaingia kisimani, ikanyesha juu ya nyasi za Mama Mkubwa ikazama mchangani.

Mwezi wa nane alishuka tena Masasi, safari hii hakutaka hata chai. Alikuwa amepita dukani kabla ya kuja kwangu.

"Mwanangu, bati linakimbia. Nipe fedha zangu nilikamate."

"Imebaki miezi michache tu, Mama Mkubwa. Ukizitoa leo, riba yote inapotea. Mwaka mzima utakuwa umekaa bure."

"Riba itafika bei ya bati?"

Sikupiga hesabu. Kalamu ilikuwa mkononi, karatasi iko mezani, na kupiga hesabu ndiyo kazi niliyosomeshwa kwa korosho zake. Niliogopa jibu. Niliogopa pia kumwendea mkuu wa tawi kumwambia mteja wangu wa kwanza anaondoka. Nikamwambia, "Subira yavuta heri," kwa sauti ya huruma, kama vile yeye ndiye mtoto. Fedha zilikuwa zake; angeweza kusimama dirishani na kuzidai kwa ukali. Lakini mimi ndiye niliyesoma, na aliyenisomesha ni yeye, basi kunikatalia ingekuwa kukana kazi yake mwenyewe. Akasema, "Haya, wewe ndiye unayejua," akarudi Newala.

Mwezi wa kumi ndio mbaya kuliko yote kule juu. Visima vya watu vimekauka au vimefungwa kufuli. Jirani alikuwa akimpa ndoo moja moja, kwa hisani, mpaka kisima chake nacho kikafika matope. Mama Mkubwa akashuka bondeni. Umri wake haukuwa tena wa ule mteremko. Wakati wa kupanda, changarawe zilimtelezesha, akaanguka na ndoo yake, na nyonga ikaumia. Wanawake waliokuwa nyuma yake walimbeba. Mmoja wao aliniambia baadaye kwamba alikuwa akilia maji yake yaliyomwagika, si mguu.

Nilikwenda hospitalini. Nililipa mimi kila kitu, kwa mshahara wangu, na kwa siku chache nilijiona nimelipa. Alitoka na fimbo ambayo hakuiacha tena.

Amana ikaiva mwezi uliofuata. Nilizitoa fedha mwenyewe na kuzihesabu mbele yake, ulichoweka hiki hapa, riba hii hapa, noti mpya zisizokunjwa. Alifurahi! Alizishika akazinusa. Kisha nikaenda dukani peke yangu. Zilitosha mabati na misumari, na mifereji ya upande mmoja. Za saruji hazikutosha, na fundi wa kisima naye alikuwa amepandisha. Ningeongeza zangu, lakini zangu zilikuwa zimekwenda hospitali. Mwaka mzima fedha zimezaa, na kilichozaliwa ni kisima kutoweka.

Siku hizi watu huniuliza mambo haya, hasa wastaafu wanaopata mafao na kuogopa kuyagusa. Yamekuja mengi baada ya pale: hati fungani za Serikali zinazokulipa riba kila nusu mwaka, dhamana za muda mfupi, mifuko ya pamoja ya vipande. Nayaeleza vizuri kuliko zamani, na sikatai kwamba yamewafaa wengi. Lakini sianzi na riba. Nawauliza kwanza, fedha hizi zina kazi gani, na kazi hiyo itazihitaji lini? Wengine hukasirika, wanadhani nawachimba. Mzee mmoja wa Chiwata aliniambia kazi ya fedha zake ni kukaa tu. Nikamwambia yeye ndiye mtu wa amana. Akijibu mwingine kwamba anangojea kujenga, najiona tena siku ile, kalamu mkononi.

Mama Mkubwa hakunilaumu hata siku moja. Ingekuwa nafuu. Alichofanya ni kunisifu. Kanisani, sokoni, kwa wageni waliokuja kumpa pole ya mguu, alisimulia jinsi mwanawe alivyomtunzia fedha mwaka mzima zikarudi na nyongeza, mali ya mtu isiyopungua hata senti. Kuna waliokuja kwangu Masasi kuweka amana kwa sababu ya maneno yake.

Mvua ya kwanza ya msimu ule ilinikuta kwake. Mabati yalikuwa yamepigwa wiki iliyotangulia. Chini ya mfereji tulikuwa tumeweka pipa moja la kuazima, na uani lilikuwepo shimo ambalo fundi alilianza, halina saruji. Mvua ikashuka kwa nguvu, bati likanguruma hata tukawa tunasemezana kwa kupiga kelele. Mama Mkubwa alisogeza kigoda hadi mlangoni, mguu mbovu ameunyoosha, akatazama maji yanavyoingia pipani. Meupe, hayana rangi wala harufu. Sijawahi kumwona na uso ule.

Pipa likajaa upesi mno. Yakaanza kufurika, yakamwagikia mchangani, na mchanga ukayanywa. Nikakimbia nje na ndoo. Ikajaa. Nikaleta sufuria, beseni, karai la kufulia, chungu. Vikajaa. Yaliyotoka mferejini yalikuwa ya kumtosha hadi kiangazi, na yalikuwa yanapita miguuni pangu.

"Yanapotea," akasema Mama Mkubwa. Kisha akaniona nilivyosimama, nimelowa chapachapa, nikilia nikidhani mvua inanificha, akanionea huruma. "Achana nayo, mwanangu. Ingia ndani. Maji ni maji tu. Fedha haikupotea hata senti."

Nikarudi jikoni kuchukua vikombe navyo.