Nilivyopima Bei ya Kasala

Niliacha shule mwaka wa pili wa sekondari, kabla walimu hawajapata nafasi ya kugundua kwamba mimi ni mwanasayansi. Nikazunguka Kaniama, Mulongo, hata Base, kwenye kambi ya jeshi, nikiuza kila kitu kwa wiki mbili mbili. Kisha nikaokota kitabu cha Kifaransa kisicho na jalada. Kilisema kila jambo katika jamii lina bei yake, ya wazi au ya kificho, na kwamba wazo lisilopimwa ni uvumi tu. Nikaamua kupima.

Nilichagua kasala, sifa zetu Waluba, ambazo mtu husifiwa kwazo kwa kutajiwa wazee waliomzaa. Bingwa wake hapa Kamina ni mama mmoja anayeuza unga wa muhogo sokoni. Anayesifiwa hutoa chochote: noti, kitambaa, kuku. Wazo langu lilikuwa kwamba anayetoa zaidi hutajiwa mababu wengi zaidi. Nilikwenda arusi tatu, nikihesabu mababu kwa vidole. Katika ya kwanza yule mama alikuwa na kikohozi. Katika ya pili bwana arusi alikuwa mpwa wake. Katika ya tatu nilipewa bia. Nikatangaza kwamba wazo limethibitishwa.

Siku hizo mama yangu alitoka hospitali, tukapanga karamu. Alitaka kitu kimoja: asikie nikitajwa katika ukoo mbele za watu, mimi mwanawe niliyepotea njiani. Nikaona ni kazi rahisi. Nikaenda sokoni kuuliza bei ya babu mmoja, na kama nikichukua kumi nitaongezewa mmoja wa bure, matabishi.

Muuza unga alikuwa akibishana na mteja juu ya kopo moja, bila huruma hata kidogo. Alipomaliza akanitazama.

"Mutoto, unga iko na bei," alisema. "Bankambo, bababu ya bantu, minyi sijue kuuzisha."

Nikamweleza kitabu kinavyosema. Akauliza kama aliyekiandika ana mama. Nikajibu kwamba ukurasa huo ulichanika.

Siku ya karamu yule mama wa unga alikuja bila kulipwa. Alimsifu mama yangu hadi shangazi zangu wakalia. Akamsifu mjomba, majirani, hata aliyeleta viti. Mimi akaniruka. Nikainua noti juu. Akaipita kama mtu anavyopita dimbwi. Mama yangu alinitazama mimi, akamtazama yeye, na furaha ikamtoka usoni.

Ndipo mama yangu akasimama mwenyewe, akijishikiza kwenye meza.

"Huyu njo mutoto wangu," akaanza, kwa sauti ya mgonjwa.

Hajui kasala. Alichanganya mababu, mmoja akamtaja mara mbili. Kisha akaongeza sifa zangu: aliyekimbia shule, aliyeuza mbuzi wa mjomba, anayeuliza mpaka watu wanafunga milango. Watu wakacheka, wakaanza kuitikia, na wa kwanza kuitikia alikuwa yule mama wa unga.

Mimi bado nilikuwa nimeinua noti.

"Weye, weka ile franga," shangazi akaniambia. "Shika mama yako, miguu inachoka."

Nikamshika.