Hitima ya Mtu Aliye Hai

Harufu ya bisi zinazoanza kuungua chini ya sufuria hunirudisha Tanga popote nilipo, na safari hii ilinikuta hapa Turffontein, Johannesburg, kwenye fleti ya mwanangu Idi, baridi ya Juni imetukalia mabegani na hita ya gesi inatutazama kwa jicho lake jekundu. Mjukuu wangu Zuhura alikuwa amefungua filamu kwenye kompyuta yake. Zuhura huyo, niseme wazi nisijifanye mnyenyekevu, ana akili kuliko ukoo mzima. Anasomea kutengeneza filamu, na mimi niliyeishia darasa la pili ndimi anayeniketisha kando yake nimwambie wapi filamu imeongopa. Mwaka huu kashikwa na filamu za aina moja tu: askari anajifanya mhalifu, anaingia kwenye genge, anakula nao, anacheka nao, kisha siku ya mwisho anatoa kitambulisho na bastola. Juzi askari wa filamu alipotoa kitambulisho chake, Zuhura akapiga makofi, na mimi nikawa nafuta macho kwa upindo wa khanga. "Eish, Bibi," akasema, "unalia nini? Si ameshinda?" Nikamwambia asimamishe hiyo mashine yake, kwa sababu mtu wa namna hiyo mimi nilimjua. Alikula kwenye sinia letu.

Tanga ya utoto wangu ilikuwa na jumba la sinema ambalo Jumapili mchana lilikuwa la wanawake peke yao. Mwanamume aliyeruhusiwa ni mkata tiketi mlangoni na yule wa mashine huko juu, basi. Ndani mlinuka asmini, udi, bisi na mikojo ya watoto, yote kwa pamoja, na buibui zilikuwa zimevuliwa mabegani kama watu waliofika nyumbani. Filamu zilikuwa za Kihindi, na Kihindi hatukijui, lakini tulikuwa na Bi Riziki, aliyepata kulea watoto kwenye nyumba ya Wahindi. Bi Riziki alisimama katikati ya safu na kutupigia kelele tafsiri, na nadhani pale lugha ilipompita alijaza ya kwake. Msimu ule, mvua za vuli zimechelewa na mji unawaka, filamu moja ilikaa Jumapili nyingi. Askari katumwa aishi na wavusha dhahabu. Sokoni anakutana na mama yake mzazi, mama anamkimbilia mikono wazi, na yeye, wezi wale wakimwangalia, anamsukuma. "Anamwambia: mama, mimi sikujui!" akalia Bi Riziki. Ukumbi mzima ukasimama. "Laana hiyo!" "Mwambie kweli, mwanaharamu!" Mtu akarusha kiatu. Mimi nilikaa kwenye mapaja ya shangazi yangu Mwanahamisi nikiutazama ule uso mkubwa kama ukuta wa msikiti, chozi moja likishuka juu yake kwa upana wa beseni, na nikahisi kwamba Mungu akitutazama huko juu, hivyo ndivyo anavyotuona: wakubwa, na kila kitu kimeonekana.

Shangazi Mwanahamisi alikuwa kitinda mimba wa Bibi yangu. Baba yangu alikuwa amekwisha kufariki, kwa hiyo mwanamume wa nyumba alikuwa baba mdogo Athumani, na kazi ya baba mdogo Athumani kila mtu aliijua na hakuna aliyeitaja. Zama zile sabuni ilikuwa adimu kuliko dhahabu ya filamu, na yeye alijua njia za porini za kutoka upande wa Mombasa. Nguo zetu zilikuwa safi, na nguo safi ilikuwa ushahidi tosha. Katika chumba cha mbele, kile chenye mlango wa barazani, alipanga fundi redio mmoja aliyeitwa Rajabu, mtu mpole, mrefu, mwenye kucheka kwa pua. Alisema katoka Pangani na hana mtu duniani. Ufundi wake ulikuwa wa kutia huruma. Redio ya Bibi iliingia inaimba ikatoka inakoroma, na Bibi akasema, "Huyu kijana hatengenezi redio, anazitesa." Lakini hatukumshuku. Asubuhi alitoa birika lake la kahawa barazani, wanaume wakaja kukaa na redio zao mbovu na midomo yao mizima, na yeye akishika bisibisi akisikiliza. Kikulacho ki nguoni mwako, wahenga walisema, ila hawakusema kwamba kinaweza kuwa kitu cha kupendeza namna ile, kinachokubebea ndoo ya maji na kukuchongea gari la mti wa mkonge.

Siku moja alishinda kimya, na Bibi alipombana ana nini, akasema ni siku aliyofariki mama yake, na hana uwezo wa kumsomea. Sijui alisema kwa nini. Pengine uongo ukishakaa ndani huanza kutafuta chakula chake wenyewe. Bibi hakungoja. Alichinja jogoo wake aliyempenda kuliko baadhi ya watoto wake, akapika mikate ya maji, akaita masheikh na majirani, tukamsomea hitima yule marehemu wa Pangani tusiyemjua hata sura. Bibi alilia machozi ya kweli. Rajabu alikaa kwenye jamvi, kichwa chini, na alipopewa sahani yake akashindwa kumeza. Tukasema, masikini, uchungu wa mama.

Baada ya hapo yeye na shangazi walianza kuangaliana kwa ule mtindo wa watu wanaojifanya hawaangaliani. Hakuwa na wazee wa kumposea, basi wazee wa mtaa wakaazimwa, wakaja na maneno yao mazuri, na baba mdogo Athumani akakubali kwa furaha, maana alimpenda Rajabu kama ndugu wa tumbo moja. Jumapili ya mwisho kabla ya ndoa tulirudi sinemani, wanawake tukiijadili filamu njia nzima. Shangazi akasema kwa sauti ya kusikika mpaka barazani, "Mimi mwanamume akinidanganya jina, arudi mlangoni aanze upya kubisha hodi!" Wenzake wakacheka. Rajabu hakucheka. Akaniita, akanipa kipande cha kashata, akaniuliza yule askari wa filamu aliishiaje. Nikamwambia alivaa magwanda yake, wezi wakafungwa, watu wakapiga makofi. "Na mama yake?" Nikasema filamu haikumwonyesha tena. "Na yule msichana aliyempenda?" Nikafikiri, nikasema hata huyo hawakumwonyesha. Akageuza kile kibisibisi vidoleni, muda mrefu, kama mtu anayeangalia kilivyotengenezwa.

Ndoa ilifungwa barazani kwetu baada ya sala ya alasiri. Shangazi alikuwa chumbani na wanawake, kapambwa hina mpaka kwenye viwiko, na mimi nilikuwa nimejibanza kwenye pazia la mlango, jicho moja kwa wanaume na jicho moja kwa wanawake. Baba mdogo Athumani, akiwa walii wa dada yake, alikaa goti kwa goti na Rajabu, mkono ndani ya mkono, kitambaa cheupe kimefunika mikono yote miwili. Sheikh akamwuliza bwana arusi jina lake na la baba yake, apate kulitamka katika ndoa. Swali jepesi kabisa, mtoto angejibu. Rajabu hakuuvuta mkono. Akamtazama baba mdogo usoni, akasema, "Mimi si Rajabu. Naitwa Salimu bin Abdala, wa Korogwe. Mama yangu yu hai. Ni askari, kaka Athumani, na nilitumwa kwako."

Chungu cha pilau nyuma kilisikika kinachemka. Na mikono ile miwili, wallahi, ilikuwa bado imeshikana chini ya kitambaa. Baba mdogo akauliza taratibu, kama anayeuliza bei, "Umeshapeleka maneno?" Akajibu, "Nimeshapeleka. Wanakuja kesho asubuhi." Wangeweza kumwua pale pale, na yeye alijua. Kumbe alikuja na roho yake mkononi, kwa sababu aliweza kudanganya baraza zima, lakini hakuweza kumwoa mwanamke kwa jina la mtu asiyekuwepo. Baba mdogo akaachia mkono, akasimama, akapita chumbani akambusu Bibi kwenye paji la uso, akatokea mlango wa uani. Ndiyo mara ya mwisho kumwona katika nyumba ile. Alizeekea Mombasa, na huko ndiko alikozikwa.

Ndipo sheikh, mtu wa utaratibu, akaja kwenye pazia langu akauliza bibi arusi anasemaje. Wanawake walikuwa wanapiga kelele. Shangazi aliwangoja mpaka wamalize. Akasema, "Salimu simjui. Niliyemjua aliitwa Rajabu, na amekufa leo. Kama huyu Salimu ananitaka, aje kuposa." Kisha akajifunika uso, na hina yote ile ikachafuka kwa machozi.

Wakubwa wake walimvua kazi na kumweka ndani kwa muda. Sisi tulibaki na nyumba isiyo na mwanamume, nguo zikarudi kuwa chafu, na Bibi akakaa na redio yake inayokoroma, asiitaje Korogwe wala Mombasa. Mvua za masika zilipokatika, siku moja mtu akabisha hodi mlangoni. Alikuwa Salimu, kakonda, kavaa kanzu ya kuazima, na nyuma yake mwanamke mnene mwenye kipini cha pua, kashikwa mkono na mjukuu wake. Ni mama yake. Bibi alitoka na mwiko mkononi, na mimi nikajua sasa mtu anapigwa. Akamtazama yule mama juu mpaka chini, juu mpaka chini. "Kwa marehemu," akasema, "umenenepa." Yule mama akapiga magoti pale pale kizingitini. "Dada yangu, nimesikia ulinichinjia jogoo. Nimekuja kukushukuru kabla sijafa kweli." Bibi akaanza kucheka, kicheko kikageuka kilio, akamwinua, wakaingia ndani wameshikana kama watu waliotoka mazikoni.

Shangazi alimkubali, lakini msidhani yaliisha. Njia ya mwongo ni fupi, ila kurudi kwake ni kurefu. Maisha yao yote mjomba Salimu alipobisha mlango, shangazi aliuliza kwa ndani, "Wewe nani?" na hakufungua mpaka asikie, "Salimu bin Abdala." Mjini watu walidhani ni utani wa wapenzi. Mimi niliona uso wake kabla sauti haijafika, na haukuwa uso wa utani. Na Bibi, mama wa Salimu alipofariki, alisoma hitima tena, akasema ile ya kwanza ilikuwa akiba, lakini jogoo hakuchinja. Alisema jogoo wake wa pili alikuwa Athumani.

Hayo ndiyo niliyomwambia Zuhura, na hita ikaishiwa gesi tukiwa tunatazamana. Mji huu wetu umejaa majina ya kuazima. Kule Jeppestown nawajua wanaume wanaoitikia jina moja karakanani na jingine wakiswali, na siwahukumu, tumbo halina jina. Hata Zuhura wangu rafiki zake wanamwita Zoe, na mimi akinibonyezea kengele ya geti huniambia tu "Mimi hapa," kwa Kiingereza, na mimi humfungulia. Filamu zao za leo zina rangi kuliko zetu, zina magari yanayoruka juu ya robot, zile taa za barabarani, lakini bado zinakatika pale pale, kwenye makofi. Zuhura aliifunga mashine na kukaa amekumbatia magoti.

Jana jioni kengele ya geti ikalia. Nikashika kile kisimu cha ukutani, nikauliza kama kawaida, "Nani?" Magari yakapita, mtu akapiga mluzi mbali. Halafu ikaja ile sauti yake, kwa Kiswahili chake cha kuchechemea, taratibu, neno moja moja: "Zuhura binti Idi, Bibi. Fungua." Nikasimama pale na kile kisimu sikioni, mtu mzima mimi, kabla kidole changu hakijaona kitufe.