Maji ya Bibi Nakiete

Siku ile ya msaragambo, kazi ya pamoja ya kijiji, naikumbuka vizuri, mwanangu, na kila nikiikumbuka najikasirikia upya. Jana ulinikumbusha wewe. Umepanda kutoka Same na mwenzako, mmeketi jikoni kwangu na simu zenu, mnatupiana maneno ya Kiingereza cha mtaani na kuvunjika mbavu, na mama Eliza jirani yangu amekaa pale pale na kikombe chake. Chai hakuimaliza. Aliaga akaondoka, nanyi hata hamkuona.

Mnadhani hayo mmeyaanza nyinyi. Nikiwa kidato cha tatu tulikuwa na mwalimu kutoka London, mtoto wa muuza mboga wa sokoni. Alitufundisha Kiingereza cha mtaani kwao. Ngazi, kwa mfano, wanaziita "apples and pears", matofaa na mapeasi, kwa sababu "pears" ina kina kimoja na "stairs". Halafu nusu yenye kina wanaitupa, wanasema "apples" tu, na mgeni anabaki kujiuliza matofaa yamepanda vipi ghorofani. Maji ni "fisherman's daughter", binti wa mvuvi, kwa kuwa "daughter" inaoana na "water". Kwa kifupi, "fisherman's". Sisi wa milimani tulikuwa hatujamwona mvuvi hata mmoja, lakini tulivimba vichwa.

Mwalimu alitueleza pia asili ya maneno hayo. Wengine husema wachuuzi waliyabuni ili wateja wasijue wanachosemezana, wengine husema ni wezi waliokuwa wakiwakwepa polisi, na wengine husema ni mchezo tu. Alichosisitiza ni kwamba yanafanya kazi pale ambapo kuna mtu wa kuachwa nje. Hilo hatukulisikia. Tulisikia vina.

Basi siku hiyo kijiji kizima tulikuwa tunazoa tope kwenye ndiva, bwawa letu la kukusanyia maji ya mashamba. Mzee Sefania, mgawa maji, akaniita mimi na rafiki yangu Nakundwa.

"Mwambieni bibi Nakiete zamu yake imesogezwa. Si kesho tena, ni leo saa kumi. Asipokuwepo kufungua mfereji wake, maji yanapita."

Bibi Nakiete alikuwa mjane, anaishi peke yake, na maharage yake yalikuwa ndiyo kwanza yanatoa maua. Tulimkuta amekaa ukingoni mwa ndiva, jembe magotini. Tukamsalimia shikamoo, akaitikia marahaba. Ilibaki kumwambia tu. Lakini hapana, wasomi tulitaka kuonyeshana kwanza. Mara "fisherman's" yake imesogea, mara "fisherman's" yake itamkimbia, na kila tukilitamka tunaangua kicheko. Akatutazama mmoja mmoja.

"Mnasemaje, wanangu?"

Tukazidi kucheka. Akainuka, akaweka jembe begani, akashika njia ya kwake. Mimi nikadhani Nakundwa atamfuata, Nakundwa akadhani nitamfuata mimi. Upumbavu ulioje! Saa kumi maji yakateremka, yakakuta mfereji wake umefungwa, yakaenda kwa mwingine.

Mama yangu alipopata habari hakunichapa. Aliomba zamu yetu iliyofuata apewe bibi Nakiete, lakini ilikuwa bado wiki mbili, na jua lilikuwa kali. Siku ya zamu tulipofika shambani kwake maua yalikuwa yameanguka, majani yamejikunja. Mama akanisimamisha katikati ya matuta nimwombe radhi mwenye shamba. Nililia kwa aibu. Bibi Nakiete aliniacha nilie mpaka nikamaliza.

"Nilidhani mnanicheka uzee wangu," akasema. "Ningejua mnazungumza habari za maji, ningekaa."

Aliishi miaka mingi baada ya hapo na hakunisema tena. Ila kila akinikuta na wenzangu tunacheka, alipunguza mwendo, kisha akapita pembeni. Hilo ndilo lililonichoma kuliko kiboko.

Kwa hiyo nisikilize, maana mmenichosha. Kujifunza maneno sikukatazi, jifunze ya London na ya kwenye simu yako, ujue na yalikotoka. Lakini kabla hujayatumia, mtazame aliyekaa karibu nawe. Kama hayajui, mfundishe, au rudi kwenye lugha yake. Na ukitumwa ujumbe, ufikishe kwanza, ucheke baadaye.

Sasa vaa viatu uende kwa mama Eliza. Mweleze jana mlikuwa mnacheka nini, neno kwa neno, hata kama halichekeshi. Mungu akubariki, mwanangu, akupe maneno mengi na watu wa kuyasikia, na uzeeni kwako vijana wakicheka, wakusogezee kiti ucheke nao. Nenda, urudi naye, chai yake nitaipasha moto.