Njia za Unga za Mama Mkwe

Mama mkwe wangu alikuwa mchoraji wa njia za kuzimu. Ndiyo kazi niliyomkuta nayo nilipoolewa Ifakara, kabla ya vita vya maji. Mtu akifa, wafiwa walimwita. Alifika na kibuyu cha unga wa mtama, akachagua mahali palipofagiliwa vizuri uani, akaumimina unga kidogo kidogo katikati ya vidole mpaka njia ikaonekana. Ilitoka kizingitini, ikapita pori lisilo na ndege, ikavuka mto mweusi, ikapanda hadi kwenye makazi ya wazee waliotangulia. Alisema marehemu huifuata akiwa bado hajazoea giza la huko. Asipochorewa, atazunguka na kurudi kuwasumbua watoto.

Alipoona siiogopi tena kazi hiyo, alianza kunifundisha huku tukipalilia mpunga.

"Chora jua likiwa utosini," aliniambia. "Kivuli chako kikiuangukia unga, marehemu atakifuata hicho, aiache njia. Na mto uuwekee kivuko kimoja tu. Ukiweka viwili atasimama pale akichagua mpaka achoke."

"Na njia ya kurudi, mama?"

"Hakuna aliyewahi kuichora," alisema, akaendelea kupalilia.

Kisha habari za dawa ya maji, iliyosemwa hugeuza risasi kuwa maji, zikafika bondeni. Mume wangu, mtoto wake wa pekee, alinyunyiziwa pamoja na wenzake, wakaondoka kwenda Mahenge kulishambulia boma la Wajerumani. Wachache waliorudi walisema walimwona akianguka kwenye majani, mbele ya bunduki inayofyatua risasi mfululizo. Hawakuweza kumbeba. Baadaye askari walishuka bondeni wakachoma maghala, na njaa ikaingia. Tulichimba mizizi ya yungiyungi kwenye madimbwi, tukaipika mpaka uchungu upungue.

Mwanangu alikuwa bado ananyonya. Akaanza homa isiyokatika. Baba mkubwa wa mume wangu akaja kutuona, amebeba unga kidogo kwenye kitambaa, alikoupata sijui.

"Mchoree kijana njia," alimwambia mama mkwe. "Mtoto anaumwa, na wote tunajua nani anamsumbua."

"Sijauona mwili wake, shemeji."

"Nani ameona mwili mwaka huu?"

Mama mkwe akanitazama. Nadhani alitaka mimi niseme kama angoje kidogo au asingoje. Nilikuwa nimempakata mtoto anayewaka moto; niliinama nikampa ziwa.

Alichora adhuhuri ile ile. Alipofika mtoni aliweka kivuko kimoja, akavuka. Njia ilipofika kwa wazee, aliinama akasema, "Nenda, mwanangu. Usigeuke nyuma." Homa ya mtoto ilishuka baada ya siku chache, na tukaona kwamba tulifanya sawa.

Mvua zilipokwisha, mume wangu alirudi.

Nilikuwa natwanga mizizi. Nilimwona akija kutoka upande wa mtoni, anachechemea, amekonda hata shingo ilionekana ndefu. Risasi ilikuwa imempita pajani, na watu wa milimani walimficha mpaka kidonda kikafunga. Nilitupa mchi nikamkimbilia. Mama mkwe alitoka ndani kwa kelele zangu, akasimama mlangoni. Mume wangu akapiga magoti mbele yake.

"Shikamoo, mama."

Hakuitikia. Machozi yalimtiririka.

"Nimekupeleka mwenyewe," alisema. "Kwa mkono wangu huu." Akaingia ndani.

Tangu siku ile hakusema naye tena, ila kupitia kwangu. "Mwambie mume wako asikae juani." "Mwambie ale, amekonda mno." Chakula alichokigusa mwanawe hakukila, akala kwenye sahani yake peke yake. Na kila jua lilipopanda alikaa uani na majivu, maana unga hatukuwa nao, akijaribu kuchora njia ya kurudi. Alianzia kwa wazee, akateremka, lakini kila alipoufikia mto alikwama. Alifuta akaanza upya. Mume wangu alikaa pembeni yake.

"Mama, niko hapa. Nishike mguu, uone."

Aliendelea kumimina majivu.

Alifariki msimu wa mavuno uliofuata, tulipokuwa tumeanza kushiba. Siku ya mwisho aliniuliza kama mwanawe bado anachechemea. Nilimjibu kwamba anatembea vizuri. Akaitikia kwa kichwa, ameridhika, na mume wangu alikuwa nyuma ya mlango, anasikia.

Mume wangu ndiye aliyechimba kaburi. Wazee walinitaka nichore njia, kwa kuwa ni mimi pekee niliyefundishwa, na nilishaushika unga.

"Acha," mume wangu alisema. "Nimezichoka njia hizo."

Nikaacha. Sijui hadi leo kama alikosea.

Tulizaa watoto wengine, na mume wangu akawa mvuvi hodari. Walipomuuliza bibi yao alikuwa mtu wa namna gani, aliwajibu kwamba alikuwa mpole, kisha akatoka nje kutengeneza nyavu ambazo hazijakatika. Mimi hukumbuka zaidi jioni zile za kula kwenye sahani tofauti ndani ya nyumba moja. Ningeweza kumshika mama mkwe mkono nikauweka juu ya kichwa cha mwanawe, hata kwa nguvu. Nilidhani atazoea taratibu, mavuno yakija.