Mama Akata Leseni ya Kuvua

Tangu baba alipofariki, mama aliishi kwangu Mafiga kama mgeni anayesubiri kuitwa. Asubuhi, ukungu ukiwa bado umeifunika milima ya Uluguru, nilimkuta amekaa uani kwenye jamvi, macho ameyaelekeza kule juu ambako hakukuonekana kitu. Nikimuuliza anawaza nini, ananitazama, anatabasamu kidogo, basi. Hakuwa mgonjwa. Alikula, alisali, alilala. Ila maneno yalikuwa yamemwishia, na alipotoka eda akaanza kugawa khanga zake: doti hii ya shangazi, hii ya binti wa jirani. Nilipotaka kumnunulia viatu vipya alikataa, akasema vya zamani vitamtosha. Nilielewa anajiandaa kwa safari gani, na niliogopa sana.

Kisha siku moja, nikimmiminia chai, akasema, "Nimeota naopoa samaki."

Nilikaa hapohapo chini. Akaniambia kwa sauti ndogo, kama aliyekuwa bado usingizini, kwamba alipokuwa msichana walishuka kijitoni, huko juu ya Mkuyuni, wanawake peke yao, nguo wamezifunga kiunoni, kila mmoja na kikapu chake. Maji yalikuwa ya baridi na meupe, na samaki hawakuzidi kidole. Ukiwaoka walinukia majani. Halafu akachukua kikombe chake, lakini uso wake ulikuwa umebaki kulekule kijitoni.

Nikanunua ndoano na mshipi, nikakata mwanzi, nikampeleka bwawani. Hatukupata hata kutia chambo. Mlinzi alikuja, akatusalimia kwa adabu zote, akasema bila leseni hakuna kuvua, hata kwa mwanzi. Mimi hasira zangu ziko karibu. Nikamuuliza kama hao samaki wana hati miliki. Mama akanivuta mkono tukaondoka. Jioni ile akagawa doti nyingine.

Kesho yake tulikuwa ofisi ya uvuvi. Kulikuwa kimya, feni inazunguka polepole, karatasi zinainuka na kulala chini ya kipande cha tofali. Ofisa, mwanamume wa makamo, alimwamkia mama shikamoo, akatueleza. Kuna leseni za biashara, na kuna za uvuvi wa burudani. Niliona haya: mjane juzi tu katoka eda, leo binti yake anamtafutia burudani! Ya burudani nayo ina mbili. Ya muda mfupi bei yake haikunitisha. Ya mwaka mzima ingemeza malipo yangu ya kushona magauni mawili.

"Mama ni mwenyeji wa wapi?" akauliza.

"Matombo," nikajibu mimi, kwa kuwa nilishazoea kumjibia.

Ofisa akaweka kalamu chini. "Basi leseni sitoi. Mluguru na samaki wapi na wapi? Na kabla hajailipa serikali, anilipe kwanza mimi."

Nilisimama. "Kaka, unaomba rushwa mbele ya mtu mzima, tena mchana kweupe?"

Nyuma yangu nikasikia kicheko. Niligeuka nione nani kaingia. Alikuwa mama.

"Kaa chini, mwanangu. Huyu Mnyamwezi, nimemjua tangu aliposalimia." Akamgeukia. "Nyie si ndio mlipita hapa na mizigo ya watu vichwani, mkaonja ndizi zetu mkasahau kwenu? Hizo ndizi mmeshazilipia?"

"Nimekwisha!" Ofisa akapiga meza. "Kumbe nimekamatwa na mtani wangu!"

Mimi niliyekulia mjini utani nausikia misibani tu, na hata huko huwa siuelewi vizuri. Nilikaa nikiwatazama wakirushiana maneno. Sauti ya mama ilikuwa imerudi yote, na ile lafudhi ya mlimani niliyokuwa nikiionea aibu shuleni. Nilitamani ile feni isimame, saa isimame, waendelee hivyohivyo.

"Na hao samaki unamvulia nani?" ofisa akauliza. "Mzee yuko wapi?"

"Mzee kafa," mama akasema. Sikuwahi kumsikia akilitamka neno hilo.

"Hajafa huyo. Kakukimbia. Kachoka kula ndizi kila siku."

Nilitaka kumziba mdomo yule ofisa. Lakini mama alicheka, akacheka mpaka machozi yakamtoka, na kicheko kilipokwisha machozi yakaendelea. Alijifuta kwa pindo la khanga, akajifuta tena. Ofisa hakumharakisha. Aliangalia dirishani, ambako milima ilikuwa inajitoa taratibu kwenye mawingu, hadi mama alipotulia.

"Haya, mtani," akasema kwa upole. "Nikuandikie ya muda mfupi, au ya mwaka?"

Nilishafungua mdomo kusema ya muda mfupi. Na haikuwa kwa sababu ya magauni mawili.

"Ya mwaka," mama akasema. Akafikiri kidogo. "Na ikiisha, mwakani nije kwako wewe huyuhuyu, au mtakuwa mmeshaleta mwenye adabu?"

"Utanikuta hapahapa, mama."

Nikatoa simu nilipe. Namba ya malipo niliikosea mara ya kwanza, maana nilikuwa nalia.